Hamali Hurudi Bila Gunia

Umeme ulikatika saa moja na robo usiku, wali ukiwa umeshapaliwa makaa. Mji ukizimika Pangani, jenereta moja huanza kulia upande wa kivuko, kwingine kote kimya. Tulihamia barazani: mimi, mama yangu, na wapwa zangu wawili, binti wa kidato cha pili na mdogo wake wa darasa la tano. Mama hakuwa na wasiwasi. Mchana alikuwa amenipa betri tatu mpya nimtilie kwenye tochi yake, nikazitia, nikaitundika tochi msumarini chumbani kwake, nikajiona mtoto mwema.

Mwenye wasiwasi alikuwa binti.

"Mjomba, mimi nimepigwa," alisema, akaiweka pawa benki yake mkekani kwa kishindo.

Kupigwa kwenyewe kulikuwa hivi. Alidunduliza pesa za sikukuu mbili, akanunua pawa benki iliyoandikwa mgongoni, kwa herufi za rangi ya dhahabu, 10,000 mAh. Simu anayoazimwa na mama yake imeandikwa kwenye betri 5,000 mAh. Hesabu hiyo hata mtoto wa darasa la pili anaiweza: kumi kwa tano ni mbili. Pawa benki ingejaza simu mara mbili. Lakini kila akijaribu, simu inajaa mara moja, mara ya pili inafika nusu na ushee, pawa benki inazimika. Alijaribu wiki nzima na kila siku akaandika kwenye daftari. Hapo akanifurahisha, maana mlalamikaji mwenye daftari ni wa kusikilizwa.

"Imekula chaji zangu," alisema.

"Chaji hailiwi."

"Sasa mbona simu inaisha chaji?"

"Hakuna simu iliyowahi kuishiwa chaji tangu dunia iumbwe."

Mdogo wake alinitazama vile watoto wanavyomtazama mzee anayeanza kupotea njia. Ikabidi nisimulie.

Nilipokuwa na umri wa huyo mdogo, majahazi yalikuwa yakija hapa Pangani kuchukua nazi na mbata, na yakija hayaji matupu: yanashusha mchele, sukari, unga. Ubao mmoja mrefu ulilazwa kutoka jahazini hadi mchangani. Mahamali walipita juu yake kwa mwendo wa kukimbia kidogokidogo, ubao ukinesa, gunia begani, mkono mmoja kiunoni. Wakifika ghalani wanalibwaga gunia, puu, vumbi linaruka, wanageuka na kurudi jahazini mikono mitupu kuchukua jingine. Mlangoni alikaa karani juu ya debe lililopinduliwa, kalamu mkononi, akipiga alama kitabuni kwa kila anayepita. Nilipenda kukaa naye kwa sababu alikuwa na karanga mfukoni.

Nilichojifunza kwa yule karani ni kwamba hakuhesabu vichwa. Mahamali wenyewe walikuwa wanane tu. Yeye alihesabu safari. Jioni tajiri akija humuuliza: Zimepita safari ngapi? Walikuwa wakipita upesi au polepole? Kila safari mzigo kiasi gani? Na mwisho wa yote, ambalo ndilo alilolitaka hasa: ghalani kuna mzigo kiasi gani?

"Sasa badilisheni majina," niliwaambia watoto. "Safari za mahamali ndizo chaji, na kipimo chake ni kulombi. Safari ngapi zinapita mlangoni kwa kila sekunde, huo ndio mkondo, kipimo chake ampea. Mzigo aliobeba kila hamali ni volteji, volti. Na mzigo wote uliobwagwa ghalani ni nishati, jouli."

Binti akachukua kalamu. Nikamwambia asiandike kanuni bado, kwanza apige picha ya ubao kichwani.

Mkondo wa ampea 2 ni safari mbili kila sekunde. Ukikaa dakika moja mlangoni utahesabu ngapi? Mdogo akasema mbili kwa moja, mbili. Dada yake akacheka, lakini kosa lile nimeliona hata kwa watu wazima. Ampea inahesabu kwa sekunde, na dakika ina sekunde 60, kwa hiyo ni safari 120. Kulombi 120. Chaji ni mkondo mara muda, na muda lazima uwe wa sekunde. Kwenye vitabu vya shule wanaandika Q = It. Atakayeweka dakika au saa bila kuzigeuza atapata jibu linalofanana na jibu, na mwalimu atalikata.

Upande wa mzigo nao ni hivyohivyo. Ikiwa kila hamali amebeba jouli 9, hiyo ni volti 9. Safari 120 mara jouli 9 ni jouli 1,080 ghalani. Nishati ni chaji mara volteji. Ukiujua mzigo wa ghalani na ukazijua safari, gawanya, utajua kila mmoja alibeba kiasi gani. Volti moja ni jouli moja kwa kila kulombi, basi.

"Na hamali mmoja ndiyo elektroni moja?" binti aliuliza. Swali zuri. La, hamali wetu ni ukoo mzima wa elektroni unaotembea pamoja. Ili upate kulombi moja unahitaji elektroni kama 6,240,000,000,000,000,000. Ukianza kuzihesabu moja kwa sekunde, usilale, usile, ungemaliza baada ya miaka kama bilioni 200. Mwenye jina hilo ni Charles-Augustin de Coulomb, mhandisi wa jeshi la Ufaransa, ambaye mwaka 1785 alipima kwa uzi mwembamba unaojisokota namna vitu vyenye chaji vinavyosukumana na kuvutana. Elektroni hakuzijua, wala hakuna aliyezijua wakati ule. Idadi hiyo ilifungwa rasmi na wataalamu wa vipimo tarehe 20 Mei 2019, majuzi tu.

Nikarudi kwenye lile jambo lililonifanya nionekane nimepotea. Hamali akibwaga gunia, je, amekwisha? Hakwisha. Anarudi jahazini. Elektroni hutoka upande mmoja wa betri, zikapita kwenye simu, zikaacha mzigo wao kwenye kioo na kwenye spika, zikarudi betrini kwa upande wa pili, zilezile idadi ileile. Ndiyo maana nyaya ni mbili. Ingekuwa chaji inaliwa, waya mmoja ungetosha. Kinachokwisha ndani ya betri ni magunia: ile kemia inayompakia hamali mzigo mgongoni inafika mahali haina tena cha kupakia. Mahamali wote wapo palepale ufukoni, wamekaa, jahazi tupu.

"Kwa hiyo niseme simu imeisha nini?"

Sema chaji, mwanangu, watu wote wanasema chaji na mimi nasema. Ila ukishika kalamu, ujue ulichokisema.

Hapo ndipo ilipobidi niwasimulie redio ya babu yao.

Baba yangu alikuwa na redio kubwa iliyokula betri sita, zile nene za kujaa kiganja. Kila moja ina volti 1.5. Zinapangwa kwa mstari, kichwa cha hii kwenye kitako cha ile, na kila hamali anayepita lazima apite kwenye zote sita. Ya kwanza inampakia jouli moja na nusu, ya pili inamwongezea moja na nusu, hadi anatoka ya sita akiwa na 9. Volti zinajumlishwa, safari haziongezeki. Hili liwekeni moyoni maana mtihani hulipenda. Mkizipanga kwa ubavu badala ya mstari, vichwa pamoja na vitako pamoja, inakuwa kinyume: mzigo wa kila mmoja unabaki moja na nusu, safari ndizo zinazoongezeka.

Mtindo huu wa kupanga ni wa zamani. Mwaka 1800 Muitalia Alessandro Volta alipanga visahani vya zinki na vya fedha vikipishana, katikati vitambaa vilivyoloweshwa maji ya chumvi, mnara mdogo kama chapati zilizorundikwa. Alipogusa juu na chini kwa mikono yenye maji, akapigwa. Kadiri mnara ulivyorefuka, ndivyo kipigo kilivyozidi. Volti imeitwa kwa jina lake.

Baba hakuwahi kumsikia Volta, lakini alifanya kama yeye. Betri zikichoka, redio ikaanza kunong'ona, hakukimbilia dukani. Kwanza alizianika juani juu ya bati pamoja na mbata. Msicheke, joto huichangamsha kemia kidogo, na jioni tulipata taarifa ya habari nzima. Zikichoka zaidi, alichukua betri nyingine mbili chakavu, akazifunga ndani ya kipande cha mwanzi, akakaza kwa mpira wa tairi ya baiskeli, akatoa waya hadi ndani ya redio. Redio yenye mkia, tuliita. Hebu tupige hesabu. Betri iliyochoka tuseme inatoa volti 1.1. Sita zinatoa 6.6, na redio inataka 9, ndiyo maana inanong'ona. Ongeza mbili za mwanzini: nane mara 1.1 ni 8.8. Redio inaimba. Mzee asiyejua neno volti alikuwa akijumlisha volti kwa masikio.

Siku moja alinituma nimtilie betri mpya kabla ya taarifa ya saa mbili usiku. Nilizitia upesi nikawahi mpira. Saa mbili ikafika, watu wamekaa, redio ikafunguliwa: sauti ya mbu. Akapandisha hadi mwisho, mbu mkubwa kidogo. Wageni wakaambiwa betri za siku hizi mbovu. Kesho yake ndipo ilipogundulika nimeipindua moja. Betri iliyopinduliwa haikai kimya, inampokonya hamali mzigo aliopewa na wenzake: tano zinapakia 7.5, ya sita inachukua 1.5, hamali anatoka na 6. Si 7.5 kama wengi wanavyodhani. Nilikula bakora mbili, na hesabu ya kutoa ikaingia kwa njia hiyo.

Mdogo alitaka kujua redio ile ilikuwa inakula mzigo kiasi gani. Tuseme inapitisha safari moja ya kumi kwa sekunde, yaani ampea 0.1, na babu anasikiliza saa tatu kila usiku. Saa tatu ni sekunde 10,800. Mara 0.1 ni kulombi 1,080. Mara volti 9 ni jouli 9,720. Binti aliandika, akakokotoa upya, akanikubalia kwa kichwa kama yeye ndiye mwalimu.

"Jouli 9,720 ni nyingi au chache?"

Inategemea unamwuliza nani. Betri moja ile nene, tukisema inaweza kutoa ampea-saa 4 maisha yake yote, ni safari 4 mara 3,600, yaani 14,400, kila moja na mzigo 1.5, jumla jouli 21,600. Sasa chukua uniti moja ya LUKU, ile unayoiona ikipungua ukutani mtu akipiga pasi. Uniti moja ni wati 1,000 kwa saa nzima, yaani jouli 3,600,000. Gawanya. Uniti moja ni betri nene karibu 167. Baba alinunua uniti moja kwa miaka, betri sita kwa sita, akaianika na juani.

"Na radi?" mdogo aliuliza. Nilijua litakuja. Radi ya kawaida inayopiga chini hupitisha kulombi chache mno, tuseme 15. Betri ya simu ya dada yako ikijaa inaweza kupitisha 18,000. Kijana akadhani nimemtania. Sikumtania. Mahamali wa radi ni 15 tu, lakini kila mmoja kabeba mlima: volti zake hufika milioni 100 na kuzidi. Kumi na tano mara milioni 100 ni jouli bilioni moja na nusu, kama uniti 400 na kitu, zote zikibwagwa kwa kufumba na kufumbua juu ya mnazi mmoja. Kwa hiyo mtu akikwambia kitu kina chaji nyingi, usiogope wala usifurahi mpaka umwulize kila hamali kabeba nini. Na kwenye soketi ya ukutani kabeba 230. Tochi na redio ya betri, chezeeni mtakavyo. Ukutani mikono mbali, na betri ya simu isipasuliwe kutafuta kilichomo ndani.

Kulikuwa na jambo moja lililokuwa likimsumbua binti: inakuwaje ukibonyeza swichi taa inawaka papo hapo, wakati elektroni ziko mbali huko? Elektroni kwenye waya hazikimbii. Kwenye waya wa shaba wenye unene wa milimita moja ya mraba, mkondo wa ampea moja, zinasogea kama sentimeta 26 kwa saa. Konokono anazipita. Lakini ubao umejaa mahamali tangu mwanzo hadi mwisho, mgongo kwa kifua. Wa nyuma akisukuma, wa mbele anasogea wakati uleule. Taa haimngoji hamali atoke kituo cha umeme, inamtumia yule aliyesimama mlangoni pake.

Basi tukaichukua pawa benki.

"Isome," nilimwambia binti.

"Elfu kumi mAh."

Hiyo ni miliampea-saa, yaani ampea-saa 10. Ampea moja kwa saa moja ni safari 3,600, kwa hiyo kumi ni safari 36,000. Sasa nieleze, herufi hizo za dhahabu zimekwambia nini? Zimekwambia safari tu. Karani ametaja safari akanyamaza. Mzigo hakuutaja.

Akaiwasha simu, akamulika mgongo wa pawa benki. Chini kabisa, kwa herufi za ukubwa wa chawa, palikuwa na 3.7 V. Akaandika: 36,000 mara 3.7 ni jouli 133,200. Kwenye betri ya simu: 5,000 mAh ni kulombi 18,000, na volti zake 3.85. Zidisha, jouli 69,300. Gawanya kubwa kwa ndogo.

"Moja nukta tisa mbili," alisema. "Bado ni karibu mbili, mjomba. Nimepigwa bado."

Subiri. Mahamali wa ndani ya pawa benki wamebeba 3.7, lakini tundu la kutolea umeme halipokei mzigo huo. Linataka 5. Kwa hiyo ndani mna kibati kidogo, kazi yake ni kufungua mizigo na kuifunga upya, tano-tano. Mizigo ikiwa mikubwa, safari zinapungua: 133,200 gawanya kwa 5 ni 26,640, ambazo ni 7,400 mAh. Hakuna aliyeiba kitu hapo, nishati ni ileile, mahamali wachache wamebeba zaidi. Halafu simu nayo ikipokea, haitaki 5, inataka yake. Inafungua tena, inafunga tena. Na mmeona magunia yanavyofanya yakifunguliwa na kufungwa: mchele unamwagika. Mchele wa umeme ukimwagika unakuwa joto. Akaigusa simu, akakumbuka jinsi inavyopata joto ikiwa inachajiwa.

"Angalia kama pameandikwa kingine hapo chini."

Akainamia taa. Mstari wa mwisho kabisa, umefutika nusu: 6,000 mAh, 5 V.

Sikumsaidia tena. Nilimsikiliza akinong'ona na kalamu. Sita mara 3,600 ni 21,600. Mara 5 ni 108,000. Zilizomwagika kabla hata hazijatoka mlangoni: 133,200 toa 108,000, jouli 25,200. Kisha 108,000 gawanya kwa 69,300. Akaandika 1.56, akakaa kimya, akafungua ukurasa wa daftari la wiki nzima. Jumatatu, mara moja na nusu. Jumanne, moja na nusu na kidogo. Jumatano, moja na nusu.

"Kumbe muuzaji hajanidanganya."

Hajakudanganya. Herufi kubwa zimesema kweli, na herufi ndogo zimesema kweli. Ila mimi nikipewa amri ya nchi kwa siku moja, nitalazimisha vitu hivi viuzwe kwa wati-saa, kwa herufi kubwa, na mahamali wakitajwa watajwe na mizigo yao. Wati-saa moja ni jouli 3,600. Hii yako ni wati-saa 37. Mashirika ya ndege hayahangaiki na mAh, yanauliza wati-saa, na pawa benki isiyozidi 100 abiria huruhusiwa kuingia nayo ndani bila kibali maalumu. Wao wanajua moto unatoka kwenye magunia.

Kwa kuwa umeme ulikuwa bado haujarudi, niliwaeleza na kwa nini umeme wa mbali husafirishwa kwa volti nyingi vile. Bwawa la Julius Nyerere kule Rufiji lina mitambo tisa, kila mmoja megawati 235. Wati ni jouli kwa sekunde, na unazipata ukizidisha volti kwa ampea. Mtambo mmoja ukitaka kusafirisha mzigo wake wote kwa volti 230 kama za hapa nyumbani, ingebidi zipite safari zaidi ya milioni moja kila sekunde. Hakuna ubao wa kuhimili msongamano huo, waya ungeyeyuka, maana mahamali wakisongamana hupashana moto, tena wakizidi mara mbili joto linazidi mara nne. Kwa hiyo wanawapakia mno: njia inayotoka bwawani kwenda Chalinze ni ya volti 400,000. Hesabu ya haraka, bila kujali kwamba nyaya zenyewe ni tatu, safari zinashuka hadi 600 hivi. Mahamali wachache, mizigo mikubwa, njia haipati joto jingi. Karibu na nyumbani wanapunguziwa hatua kwa hatua hadi 230. Mdogo alikuwa ameshalala, kichwa juu ya paja langu.

Ndipo sauti ya mama ikatoka chumbani.

"Tochi hii imefanya nini? Betri si mpya hizi?"

Akatoka nayo. Kijitaa kilikuwa chekundu kama jicho la mlevi, hakifiki hata ukutani. Binti akaipokea, akaizima, akafungua kitako, akazimimina betri tatu mkekani moja moja kwa mpangilio ule ule zilivyotoka. Akamulika kwa simu. Ya katikati ilikuwa kichwa chini.

"Moja na nusu, na moja na nusu, toa moja na nusu," alisema. "Volti moja na nusu. Ilitakiwa nne na nusu."

"Volti sizijui," mama alisema, "mimi naenda chooni. Nani aliyetia betri hizi?"

Nikajifanya namfunika mtoto shuka.